Yule Mjerumani wa "Hatari!" alikuwa nani?

Mkazi wa Pasiansi
Wakubwa, shikamoni. Juzi nilitazama filamu ya "Hatari!" pamoja na baba yangu, fundi mstaafu wa injini za meli hapa Mwanza, naye akasisitiza kwamba yule Mjerumani aliyeigiza kama Kurt alikuja kuwa mkulima kule Arusha. Je, ni kweli? Tena, ana filamu nyingine ipi inayomfaa mzee?

Msomaji wa Bwiru
Mzee yuko sahihi. Huyo ni Hardy Krüger, aliyezaliwa Berlin mwaka 1928. Filamu hiyo ilipigwa Tanganyika kabla ya Uhuru, ikatoka mwaka 1962, naye akapapenda Momella, karibu na Mlima Meru, hata akanunua shamba na kuishi huko takriban miaka 13.

Kwangu mimi, hata hivyo, jambo zito zaidi ni ujana wake. Wazazi wake walikuwa wafuasi wa Hitler, wakampeleka katika shule ya chama cha Nazi, na mwaka 1944 akaigiza filamu yake ya kwanza, ya propaganda. Huko ndiko Hans Söhnker, mwigizaji aliyemzidi umri, alikomfumbua macho kuhusu maovu ya utawala ule. Mwaka uliofuata, akiwa askari kijana wa SS, jeshi la chama cha Nazi, alikataa kuwapiga risasi Wamarekani, akahukumiwa kifo kwa kosa la woga, akaokolewa na ofisa mmoja. Nikikumbuka hayo, kila anapovaa sare ya Kijerumani, kama katika "A Bridge Too Far" ya 1977, namtazama kwa jicho jingine.

Mpenda filamu, Igoma
Inanisikitisha kwamba huku kwetu anatajwa kwa "Hatari!" pekee, ilhali nyota wa filamu ile ni Mmarekani John Wayne. Mwonyeshe mzee "The Flight of the Phoenix" ya 1965. Ndege imeanguka jangwani, na Krüger, kwa ubishi na ukaidi usiopendeza, anawashawishi wenzake waunde ndege nyingine kutokana na mabaki yake. Baadaye inafahamika kwamba kazi yake ni kubuni ndege ndogo za mfano tu, zisizobeba watu.

Mkazi wa Pasiansi
Ahsanteni sana. Baba anauliza kama bado yu hai.

Msomaji wa Bwiru
Hapana, alifariki California Januari 2022, akiwa na miaka 93.

Mkazi wa Pasiansi
Nimemweleza, amesikitika. Hiyo ya jangwani tutaitazama Jumamosi. Ameshaanza kuuliza injini waliitoa upande gani wa ndege.