Ukuta tumechora wengi, jina limeandikwa la mmoja. Ni haki?

Wandugu habari zenu. Hili jambo limenikaa kifuani, naomba tujadili.

Mwaka jana huku Nakivale, kambi yetu ya wakimbizi Uganda, ulikuja mradi wa kuchora ukuta pembeni ya bomba la maji, wakasema ni sanaa ya jamii, kila mtu alete wazo. Tukatoka Wakongo, Warundi, Wanyarwanda, hata Wasomali wawili watatu. Mama mmoja muuza mandazi akaokota mkaa, akachora jerikeni kwenye simenti, halafu ingine, halafu ingine mpaka simenti ikaisha, akasema choreni hivi, foleni isionekane mwisho. Ndo mchoro wenyewe huo! Siku tatu tunachanganya rangi ndani ya jerikeni iliyokatwa, malipo soda na chapati. Picha zilipopelekwa maonyesho Kampala, chini kuna jina la msanii wa mradi peke yake, sisi tukaandikwa "jamii ya wakimbizi".

Mi nasema kazi ni ya wote, majina yaandikwe na hela ikiingia igawanywe. Sheria ya hakimiliki ya Uganda ya 2006 yenyewe inasema kazi ya wengi ambayo huwezi kutenganisha sehemu ya huyu na ya yule ni mali yao wote.

Mchangiaji, Kampala:
Ndugu pole, ila mi mchoraji na naona unamwonea msanii. Nani anaandika barua za kuomba pesa, nani anafuata ruhusa ofisini wiki nzima? Uganda ilipopata banda lake la kwanza kwenye yale maonyesho makubwa ya sanaa ya Venice, Italia, 2022, wasanii wetu Acaye Kerunen na Collin Sekajugo wakatajwa kwa heshima, na Kerunen anafanya kazi na wamama wasukaji. Bila jina la msanii kutangulia, misuko ile ingefikaje kule?

Mchangiaji, Mbarara:
Mi naogopa hayo majina. Kuna watu wamekimbia na bado wanatafutwa, wewe unawaandika barabarani?

Mwanzisha mada:
Wa Mbarara umesema kweli, hilo sikuliwaza vizuri. Basi kila mtu aulizwe kwanza, asiyetaka aache, anayetaka jina la utani aandikiwe hilo. Lakini aulizwe yeye, si mtu wa mradi amwamulie.

Wa Kampala, msanii alipwe jasho lake lote la barua na ruhusa, sijakataa. Ila lile wazo la foleni hakuja nalo kwenye gari, alilikuta chini kwenye simenti limechorwa kwa mkaa, na mwenye mkaa hata nakala ya picha hakupewa. Mpaka leo anauza mandazi anaangaliana na huo ukuta, wageni wanakuja wanapiga picha wanaondoka, na foleni ya maji bado iko vilevile.

Mwenyekiti wa kijiji ameshatukubalia tuongeze majina ya wanaotaka, tunaanza Jumamosi asubuhi. Mwenye rangi nyeusi ya mafuta iliyobaki atuambie, brashi tunazo.