Mjadala: Daktari alikosea kumponya Henry Johnson?

Mleta mada

Wanajamvi, salaam. Juzi nimemaliza kusoma kwa mara ya pili hadithi ndefu ya Stephen Crane, The Monster. Humu nitaiita Zimwi tu. Nina swali moja: Dakta Trescott alikosea kumwacha Henry Johnson hai?

Kwa ambao hawajaisoma: Crane ni Mmarekani, mzaliwa wa Newark, 1871, akafa kwa kifua kikuu mwaka 1900 akiwa na miaka 28 tu. Wengi wanamjua kwa riwaya yake ya vita, The Red Badge of Courage. Zimwi ilitoka kwenye jarida la Harper's mwaka 1898. Mji wenyewe, Whilomville, ni wa kubuni.

Henry ni kijana mweusi anayetunza farasi wa daktari. Ni mtanashati hasa; jioni akitoka na suruali yake ya zambarau iliyopauka, barabara nzima inageuza shingo. Swahiba wake mkubwa ni Jimmie, mtoto wa daktari. Usiku mmoja nyumba inashika moto. Henry anapanda ghorofani, anamviringisha mtoto kwenye blanketi, anakuta ngazi imezibwa na moto, basi anapita kwenye chumba cha dawa cha daktari. Humo anazidiwa, anaanguka kichwa kikiwa chini ya dawati la zamani. Juu ya dawati chupa inapasuka kwa joto, na kitu chekundu kinatoka kikijinyoosha kama nyoka, kinasitasita, kinateremka kwenye mteremko wa mbao, kisha kinaning'iniza kichwa juu ya macho yaliyofumba. Crane haandiki kwa haraka hapo. Nilisoma nimejishika uso.

Mtoto anapona. Gazeti la mji linatangaza kwamba Henry amefariki, na watu wanamlilia kweli. Bella, binti aliyekuwa anamposaposa, anasema walikuwa wachumba. Halafu habari inakuja kwamba hajafa. Yu hai, hana uso, na akili imeyumba. Matatizo yote yanaanzia hapo, kwa sababu mji ulishamaliza matanga.

Jaji Hagenthorpe, rafiki wa daktari, anamwambia kwa upole kabisa kwamba yule maskini afadhali angekufa, kwamba daktari anamuumba upya kiumbe ambacho maumbile yameshakikatia tamaa. Daktari anajibu, ungefanyaje wewe, ungemuua? Kaokoa mwanangu.

Mimi niko na daktari. Anayepinga aje na hoja.

Wakili Mbishi

Mkuu, naomba kutofautiana. Mnapenda kumfanya jaji kuwa mtu mbaya kwa vile katamka kile ambacho wengine walikuwa wanakiwaza. Tuangalie deni ni la nani. Anayedaiwa ni Trescott, lakini anayelipa kwa mwili wake miaka yote itakayofuata ni Henry. Kuna mahali popote daktari anamuuliza mgonjwa wake anataka nini?

Na huyo daktari mnayemsifu hakumweka sebuleni kwake. Kwanza kampeleka nje ya mji kwa Alek Williams, mtu mweusi maskini mwenye watoto, kwa dola tano kwa wiki. Alek akalalamika kwamba watoto hawali, wageni hawaji, mpaka zikafika sita. Yaani mzigo wa shukrani za tajiri ukabebwa na maskini kwa dola sita. Hilo hamlioni?

Muuguzi wa Zamu

Wakili, kuhusu Alek sikupingi. Lakini nadhani hujawahi kumfunga bandeji mtu aliyeungua uso.

Nimefanya kazi wodi ya majeraha ya moto miaka minne. Kulikuwa na kijana aliyelipukiwa na mafuta ya taa. Ndugu zake walikuja kabla hajaamka vizuri, wakaniomba niondoe kioo kilichokuwa juu ya sinki. Nikakiondoa. Siku ya tatu nikamkuta amejiinua kwa kiwiko, anajitazama kwenye ile sahani ya chuma tunayowekea pamba chafu. Nikasimama pale nikiwa na bomba la sindano mkononi, sijui niseme nini. Hakuniuliza kwa nini mmeniponya. Aliniuliza simu yake iko wapi.

Nje kwenye korido ndugu wawili wakubwa walikuwa wanasema kwa sauti ya chini maneno yaleyale ya jaji. Masikini, ingekuwa heri. Walikuwa wanampenda, hilo sina shaka nalo. Lakini heri ya nani?

Sasa rudi kwenye hadithi. Henry anapotoroka kwa Alek, anakwenda wapi? Kwa Bella. Anamwinamia kwa adabu zake zilezile, anamuuliza hali, anamwalika wakacheze dansi. Bella anatambaa sakafuni kwa hofu, na Henry anaendelea kuzungumza kama mgeni wa Jumapili. Jaji alisema huyu hatakuwa na akili. Mimi naona mtu ambaye bado anataka kwenda kwenye dansi. Akili yake imepungua, ndiyo, lakini kiu ya kuishi anayo, na hakuna mtu mjini aliyeisikia.

Kijiwe cha Kahawa

Wahenga walisema zimwi likujualo halikuli likakwisha. Hawa wa Whilomville walimjua Henry kwa jina na kwa suruali, na wakammaliza. Sasa zimwi ni nani hapo? Mimi nauliza tu, kahawa inapoa.

Wakili Mbishi

Muuguzi, nimekusoma mara mbili. Narudisha nyuma hoja ya jaji, lakini hoja ya kutoulizwa siirudishi.

Mwalimu wa Fasihi

Mnajadili wahusika mnamsahau aliyewaandika. Crane mnamwacha bila kumhoji?

Miaka miwili iliyopita nilijaribu kutafsiri sura moja kwa ajili ya wanafunzi wangu, nikakwama kwenye kitu ambacho wasomaji wa Kiingereza wanakipita bila kujikwaa. Henry anapofichwa kwenye chumba cha juu ya banda la magari ya farasi la daktari, siku nyingine hukaa nje juu ya kasha, shela nzito nyeusi imemfunika kichwa, anapunga mikono huku akiimba wimbo wa dini. Wavulana wanapeana changamoto nani atathubutu kwenda kumgusa, na Jimmie, mtoto aliyeokolewa, anamwonyesha kwa wenzake kama mwenye mnyama wake. Katika ukurasa huo Crane anaacha kumtaja kama mtu. Anamtaja kama kitu. Kwa Kiswahili niandike nini? "Amekaa juu ya kasha" au "limekaa juu ya kasha"? Nikiandika "amekaa" nimemrudishia Henry utu ambao mwandishi ameuondoa. Nikiandika "limekaa" mkono wangu mwenyewe umemfanya zimwi. Niliandika "limekaa", nikafuta, nikaandika tena. Darasani mwanafunzi mmoja akasema, mwalimu, andika "limekaa" pale watoto wanapomwangalia na "amekaa" anapoimba. Sijapata jibu zuri kuliko hilo.

Na Crane hana mikono safi. Alek anachorwa kama kichekesho, lahaja ya watu weusi inapindwa ili msomaji mweupe wa 1898 acheke, na mtaa anakoishi Bella unapewa jina la tikiti maji, yaani dhihaka ya wazi dhidi ya watu weusi kwa masikio ya Wamarekani. Kuna wanaosema kwa sababu hiyo isifundishwe. Mimi siko huko, ila nawaelewa.

Kinachonizuia ni Port Jervis. Mji huo uko New York, pale jimbo hilo linapokutana na New Jersey na Pennsylvania, na Crane aliishi hapo utotoni. Whilomville kwa sehemu kubwa ni Port Jervis. Tarehe 2 Juni 1892 umati wa hapo ulimnyonga mtu mweusi, Robert Lewis, barabarani, kwenye mti. Aliyejaribu kuuzuia umati na kushindwa ni William Crane, kaka yake Stephen. Wachambuzi wengi wanaunganisha tukio lile na hadithi hii, nami nakubaliana nao. Soma tena jinsi mji unavyomfanyia daktari: hakuna kamba, kuna wagonjwa wanaohamia kwa daktari mwingine na wake zao wasiokuja tena chai. Crane alijua umati unaweza pia kuvaa suti. Lakini ona pia kwamba katika hadithi anayeonewa na mji mpaka mwisho, yule tunayemhurumia, ni daktari mweupe. Robert Lewis alikuwa na jina na uso. Henry alipewa jina, akanyang'anywa uso, halafu kitabu kikamsahau.

Kwa uadilifu niongeze: Ralph Ellison, mwandishi mweusi ambaye hakuwa na huruma na uandishi wa kinafiki, aliandika mwaka 1960 akimpa Crane heshima kubwa. Kwa hiyo hili halijafungwa.

Kijiwe cha Kahawa

Mwalimu, huyo mwanafunzi wa "limekaa" na "amekaa" apewe alama zote.

Mleta mada

Nilikuja hapa kumtetea daktari, na bado namtetea kwa lile la kwanza: hakupaswa kumwacha afe. Hata wale wakubwa wa mji walipomjia wakiongozwa na John Twelve, mfanyabiashara wa jumla, wakamwambia kwa nia njema kwamba Henry apelekwe mbali, akakataa akijua anajimaliza. Ukaidi wa namna ile nauheshimu.

Ila Mwalimu umeniharibia ukurasa niliokuwa naupenda kuliko yote. Sura ya mwisho. Ni Jumatano, siku ambayo mke wa daktari hupokea wageni. Nje theluji inaanguka. Daktari anaingia, anamkuta mkewe, anauliza nani alikuja leo. Anatajiwa mtu mmoja. Anauliza, Anna Hagenthorpe je? Hakuja. Mkewe anaanza kulia. Kwenye meza ndogo vikombe vya chai vimepangwa, keki haijaguswa. Daktari anamkumbatia, kichwa cha mkewe kimelala begani kwake, naye anajikuta kila mara anajaribu kuvihesabu. Vilikuwa kumi na vitano.

Mara ya kwanza nilifunga kitabu nikakaa kimya. Safari hii, baada ya kuwasoma ninyi, nimerudi kwenye kurasa hizo mbili tatu kumtafuta Henry. Yuko uani, juu ya banda, baridi ile. Nimezisoma zote. Chumbani wako watu wawili na vikombe.