Naomba ushauri: mzee wa kanisa anasema weusi wetu ni laana ya Hamu

Wakuu, naongoza kipindi cha Biblia cha vijana huku Mbagala. Jumapili mzee mmoja, rika la baba yangu, kasema weusi wetu ni laana ya Hamu, mwana wa Nuhu. Nikafungua Mwanzo 9:25 palepale: aliyelaaniwa ni Kanaani, mtoto wa Hamu, na rangi haitajwi kabisa. Akaifunga Biblia yangu kwa kiganja. "Kijana, usibishe."

Nataka nirudi na Ebedmeleki, yule Mkushi (mtu mweusi wa Kushi, kusini mwa Misri) aliyemtoa nabii Yeremia shimoni kwa kamba na matambara makuukuu. Pia Wimbo Ulio Bora 1:5, mweusi "lakini" mzuri. Kiebrania pale chaweza kusomwa "na". Hiyo "lakini" inaniuma kweli!

Nimjibuje bila kumvunjia heshima? Na maandishi ya kina James Cone, yule Mmarekani mweusi wa teolojia ya watu weusi, yapo kwa Kiswahili?