Ushauri: nataka kumpeleka mama Grand Canyon kwa safari ya kundi ya siku kadhaa, magoti yanamsumbua

Binti Chumbageni

Habari zenu wakuu, naomba mawazo yenu maana hili jambo nalizungusha kichwani wiki ya tatu sasa na siku zinakwenda. Mi niko Columbus, Ohio, nafanya kazi kwenye nyumba ya kutunzia wazee, likizo yangu ni siku 9 za mfululizo na nimeiomba mwezi wa 10. Mama yangu anakuja kunitembelea kutoka Tanga, viza ameshapata alhamdulillah. Ana miaka 63, kafundisha jografia sekondari miaka 31, ule mto Colorado na korongo lake kauchora ubaoni kwa chaki sijui mara ngapi, na zile mesa na butte za jangwani, vilima vya mwamba vyenye kichwa bapa, anawaeleza watoto maji na upepo vinavyokula mwamba mpaka kibaki kile kipande kimesimama peke yake, na yeye mwenyewe hajawahi kuona chochote kati ya hivyo. Kwaiyo New York sitaki, Disney sitaki, nataka asimame pale ukingoni aone kwa macho yake.

Tatizo ni namna ya kwenda. Nimeona kuna safari za kundi zinaanzia Las Vegas, mnapanda gari la watu 13 au 14, ukubwa kama Hiace za kwetu, dereva ndiye mwongozaji, siku 3 mpaka 7, mnapita hifadhi za Zion na Bryce, mji wa Page, bonde la Monument Valley, Grand Canyon halafu mnarudi Vegas. Wengine wanalala hoteli, wengine mahema, na bei ya mahema iko chini sana. Mama ana magoti, ngazi nyingi hawezi, ana presha na anameza dawa, anaswali swala tano na nyama ambayo haijachinjwa kihalali hagusi. Naogopa tukiingia kwenye kundi la vijana tutakuwa mzigo, wenzetu wanashuka kutembea masaa matatu sisi tunabaki kwenye gari. Na nikikodi gari mwenyewe, sijawahi kuendesha zaidi ya masaa mawili, sasa jangwani kule peke yangu na mtu mzima pembeni likitokea la kutokea nafanyaje? Aliyewahi kwenda anisaidie, kundi au gari binafsi, siku ngapi zinatosha, na huo mwezi wa 10 ni sawa?

Dereva wa Dallas

Dada hongera kwa wazo hilo. Mi naendesha lori, natoka Dallas kwenda California, barabara kuu ya I-40 yote Amarillo, Albuquerque, Flagstaff, Kingman, Needles nimeipita misimu yote. Mwezi wa 10 umechagua vizuri sana. Mwezi wa 7 na wa 8 pale Needles ukifungua mlango wa lori ni kama umefunua tanuri la mkate, na huko Death Valley ndiko iliandikwa ile rekodi ya dunia ya nyuzi 56.7 tarehe 10 Julai 1913, mtu mzima mwenye presha usimpeleke kipindi hicho kabisa.

Kuhusu kuendesha, kwa ulivyojieleza mi nasema chukua kundi. Barabara ni nzuri, si mbovu, ila ni tupu. Las Vegas mpaka Zion ni kama masaa matatu kasoro, Grand Canyon kurudi Vegas ni masaa manne na nusu bila kusimama, na pale kati ya Page na Monument Valley netiweki inakatika unakaa muda mrefu simu haina kitu. Usiku karibu na Grand Canyon wanyama wakubwa kama pofu wanavuka barabara, nimeshaona gari ndogo iliyogonga mmoja, haikuwa na mbele tena. Mtu aliyezoea mjini na ana mama yake kiti cha pembeni asianze mazoezi ya masafa marefu kule.

Kitu kingine, ukiona ratiba ina North Rim, yaani ukingo wa kaskazini wa Grand Canyon, uliza vizuri wanalala wapi, maana ile hoteli ya zamani ya ukingoni iliteketea kwenye moto wa Julai 2025, na hata kawaida upande ule hufunga mapema kabla ya theluji. Wewe shika South Rim, ukingo wa kusini.

Mvita Phoenix

Assalaam aleikum dada. Mimi ni mtu wa Mombasa, nipo Arizona mwaka wa 8, nakwambia kitu kimoja ambacho ukikosea hapo umekosea safari nzima. Tangazo likikwambia "Grand Canyon" uliza ni ukingo upi. Kuna West, ni ardhi ya kabila la Hualapai, ndiko kwenye lile daraja la kioo, ni karibu na Vegas kama masaa mawili tu ndo maana safari nyingi za bei rahisi zinapeleka huko, si ndani ya hifadhi ya taifa. Na kuna South, hiyo ndiyo mama aliyoichora ubaoni. West si pabaya, watu wa kule wana haki ya kuonyesha ardhi yao na kula kwayo, lakini mwalimu wa jografia mpeleke South.

Halafu siku. Mimi niliwapeleka wazazi wangu na kundi la siku 3, kampuni siitaji, basi la watu zaidi ya 40. Wallahi tulikuwa tunaonyeshwa mlango wa kila pahali. Dakika 20 mnashuka, picha, firimbi, ndani ya basi. Babangu alikwenda msalani pale ukingoni na aliporudi muda umekwisha, tumesafiri masaa yote hayo na ameona korongo kwa dakika kama 10, na mpaka leo linaniuma, kwa sababu hakurudi tena Marekani. Kwaiyo usiangalie idadi ya vituo, angalia mnalala wapi. Kama ratiba haisemi mnalala ndani ya hifadhi ama Tusayan, ule mji mdogo wa nje ya geti, basi mtapita tu. Ukilala pale unaona jua likizama na unaona likichomoza, na mama akichoka anakaa kwenye benchi hapo hapo hamna anayemsukuma.

Swala isikutie wasiwasi, ni safari, atafupisha na atachanganya Adhuhuri na Alasiri, mwambie mwongozaji siku ya kwanza kabisa asubuhi kabla gari halijaondoka kwamba mchana mnahitaji dakika 10 mahali pa kusimama. Wengi hawana shida ukiwaambia mapema. Shida huja ukimwambia gari likishakuwa kwenye mwendo. Ila saa zitawachanganya: Nevada ina saa yake, Utah iko mbele kwa saa moja, Arizona haibadilishi saa kwa msimu kama yanavyofanya majimbo mengine, halafu ardhi ya kabila la Wanavajo ndani ya Arizona hiyo hiyo inabadilisha. Pale Page simu inaruka mbele na nyuma, mama atumie saa ya mkono na amuulize mwongozaji.

Nesi Minnesota

Mdogo wangu, mi nitaongelea presha tu. Kwanza uliza mama anameza dawa gani. Kama kwenye dawa zake kuna ile ya kukojoza, jangwa linamkausha mara mbili, hewa ni kavu kiasi kwamba jasho hulioni, linakauka kwenye ngozi kabla hujalihisi, mtu wa Tanga aliyezoea kulowa jasho atadhani hajatoka jasho kabisa. Aonane na daktari wake kabla hajasafiri, amweleze anakwenda wapi, wasipunguze wala kuacha dawa wenyewe. Maji anywe kidogo kidogo kutwa nzima na ale vitu vyenye chumvi kiasi chake, maana kunywa maji matupu mengi bila kula nako kunalewesha mtu na kumwangusha, hilo pale Grand Canyon wanalijua vizuri.

Pili, watu wakisikia jangwa wanafungasha kanga na kandambili. South Rim iko mita 2,100 juu ya bahari, na Bryce inapita 2,400, ni juu kuliko Lushoto mbali sana, mwezi wa 10 usiku unakaribia nyuzi 0. Mama katoka usawa wa bahari. Atahema haraka, hiyo ni kawaida, apumzike siku ya kwanza. Koti zito, soksi, kofia ya kufunika masikio. Mahema yasahau, magoti na ardhi baridi haviendani.

Tatu, na hili nakuomba usilipuuze, mkatie bima ya afya ya mgeni kabla hajapanda ndege. Kule kuna sehemu ukianguka unabebwa kwa helikopta, na bili yake wewe na mshahara wetu huu unaujua.

Binti Chumbageni

Mungu awabariki, nimesoma huku machozi yananilenga hapo kwa baba wa Mvita Phoenix. Mahema nimeyafuta. Sasa kuna hii Antelope Canyon kila ratiba inaitaja, mama ameiona kwenye simu anaisema kila siku, lile korongo jembamba la mawe mekundu lenye mwanga unaoingia kwa juu. Magoti yataruhusu? Na si hatari?

Msambaa wa Frankfurt

Mi nilikwenda na kundi mwaka juzi mwezi wa 5, watu 12, siku 6, kulala hoteli, na katika kundi kulikuwa na mama mmoja wa miaka 70 na kitu kutoka Uholanzi, hakuna aliyemuona mzigo. Ukweli ni kwamba vikundi vya hoteli watu wengi ni watu wazima, vijana wanajaa kwenye mahema, kwaiyo hofu yako hiyo ipunguze. Ila soma ule mstari wa kiwango cha kutembea kwenye ratiba, wameandika wepesi au wa kati au mgumu, chukua mwepesi hata kama kwenye simu mama anakwambia ana nguvu.

Antelope iko kwenye ardhi ya Wanavajo, huingii bila mwongozaji wao, hata kundi lenu likifika mnakabidhiwa kwao. Kuna mbili, Upper (ya juu) na Lower (ya chini). Lower ina ngazi za chuma nyembamba na zimesimama wima, kwa magoti hapana. Upper ndani unatembea kwenye mchanga tambarare, lakini waulize njia ya kutokea ikoje siku hizi na ngazi ni ngapi, usikubali jibu la "ni rahisi tu". Hatari yake ni mafuriko. Tarehe 12 Agosti 1997 watu 11 walikufa ndani ya Lower, na pale walipokuwa wao mvua haikuwa kubwa, ilinyesha mbali huko juu maji yakaja kwa pamoja kama ukuta. Tangu hapo wanafuatilia sana hali ya hewa na wakifunga wamefunga, usigombane nao hata kama mmeshalipa. Msimu wa hizo mvua ni mwezi wa 7 mpaka katikati ya wa 9, ndo sababu nyingine mwezi wa 10 ni mzuri.

Monument Valley nayo ni yao. Ile njia ya ndani ni vumbi na mawe kama kilomita 27, mnapanda gari la wazi la wenyeji, inarusha, mama akae mbele na mgongo aegemeze kitu. Lakini hapo ndo penye mesa na butte zake. Mwongozaji wetu alikuwa Mnavajo, mambo ya shule ya kijiolojia alitueleza na ya bibi yake akatueleza pia, na akatuambia nyumba za watu na watu wenyewe tusipige picha bila kuomba.

Ah na kitu ambacho mama yako lazima akione: pale South Rim, kuanzia ile makumbusho ya Yavapai kuna njia ya sakafu ukingoni inaitwa Trail of Time, kila mita moja ni miaka milioni moja, wameweka alama za shaba chini na mawe yenyewe yaliyotolewa kwenye tabaka zote, unayagusa. Unatembea mpaka unafika miamba ya chini kabisa yenye karibu miaka bilioni 2, wakati mto wenyewe umeanza kukata korongo kama miaka milioni 5 au 6 tu iliyopita, yaani hatua zako chache za mwanzo. Haina ngazi. Mi nilitembea nikamkumbuka mwalimu wangu wa jografia Lushoto.

Dereva wa Dallas

Nimerudi kwenye pesa maana hakuna aliyeigusa. Kuanzia Januari 2026 mgeni asiyeishi Marekani wa miaka 16 kwenda juu anatozwa dola 100 za ziada kwenye hifadhi 11, na Grand Canyon, Zion na Bryce zote tatu zimo. Wewe ukionyesha kitambulisho chako cha hapa haikuhusu, mama inamhusu. Hifadhi tatu ni dola 300, kadi ya mwaka ya mgeni ya kuingilia hifadhi ni 250, kwaiyo iulize kampuni kwa maandishi kama bei yao imeshaweka hiyo au wanaikubali kadi. Ada za Wanavajo ni mbali, kadi ya serikali kuu kwao haifanyi kazi. Na tenga tipu ya mwongozaji, huku ni sehemu ya mshahara wao, si hiari kama kwetu.

Binti Chumbageni

Wakuu naleta mrejesho. Nimepata kundi la siku 5, hoteli tupu, watu wasiozidi 14, wanalala Tusayan usiku 2, kiwango chepesi. Nimewaandikia maswali yenu yote kama mlivyoyasema, la ada wamejibu kwamba haimo kwenye bei na kadi ya mwaka wanaikubali, la chakula wamesema samaki na mboga vinapatikana kila kituo na mi nitabeba tende na karanga, la swala wamekubali. La ngazi za Antelope bado hawajajibu na nimewaambia sitoi malipo ya awali mpaka wajibu kwa idadi. Bima nimekata jana, na mama Jumatatu anakwenda kwa daktari hospitali ya Bombo na karatasi ya dawa zake zote.

Jana usiku nikampigia nikamsomea hapo kwenye kila mita miaka milioni moja. Akanyamaza muda mrefu mpaka nikadhani netiweki imekata. Halafu akauliza kama anaweza kuchukua kajiwe kamoja kadogo ampelekee mwalimu mwenzake aliyebaki shuleni. Nikamwambia mama, hifadhini hairuhusiwi kuokota hata changarawe. Akasema sawa, basi nimtafutie daftari lisilo na mistari na penseli, atachora.

Mvita Phoenix

Mtafutie na ya rangi nyekundu, tena vivuli vitatu vinne. Na siku mkifika Tusayan niandikie, ni masaa matatu na nusu kutoka kwangu, nitakuja na biriani ya mbuzi halali ya mke wangu kwenye chombo cha moto.

Binti Chumbageni

Kaka, mama kashaambiwa. Anauliza mkeo ni wa wapi, Old Town au Kisauni.