Ngoma za ushindani siku ya Nanenane: uwanja, mshindi na zawadi tuvipange vipi?

Mkulima wa Magu aliuliza:

Ndugu zangu, salaam. Sisi ni kamati ndogo ya kijiji wilayani Magu, na tumekabidhiwa jukumu la kuandaa burudani ya Nanenane kwa ajili ya kata nzima. Kwa miaka kadhaa burudani hiyo imekuwa spika mbili kubwa, jenereta na kijana mmoja anayepiga muziki wa kurekodiwa hadi usiku wa manane. Vijana hufurahi, lakini wazee huondoka mapema, na vikundi vyetu vya ngoma hupewa dakika chache tu mgeni rasmi anapoingia, kisha huambiwa vipishe ratiba.

Mwaka huu tunataka ngoma ziwe ndiyo sherehe yenyewe. Tuna kikundi kimoja cha Bagika, kuna kingine cha Bagalu katika kata jirani, yaani pande mbili za wacheza ngoma wa Kisukuma zinazoshindana tangu zamani, na wapo pia wacheza bugobogobo, ngoma ya majembe. Mjumbe mmoja amependekeza tujenge jukwaa moja na kuweka majaji watatu wenye karatasi za alama, ili matokeo yasilalamikiwe. Baadhi yetu tunaona kwamba tukifanya hivyo tutauondoa utamu wote wa ngoma, ingawa hatujui tumjibu nini. Naomba ushauri wa wenye uzoefu, hasa kuhusu mpangilio wa uwanja, namna ya kumpata mshindi, na zawadi.

Mwana wa Kisesa alijibu:

Mwangaluka, ndugu Mkulima. Mimi nimekulia karibu na Bujora, na ninakusihi usikubali majaji. Katika ngoma za ushindani za Wasukuma mwamuzi ni mtazamaji mwenyewe, ambaye huamua kwa kuondoka aliposimama na kwenda anakovutiwa. Vikundi viwili huingia uwanjani kwa wakati mmoja, kimoja upande huu na kingine upande ule, ngoma zikilia kwa pamoja, na kitakachozungukwa na watu wengi zaidi ndicho mshindi. Ubunifu wa wachezaji wetu ulizaliwa humo: chatu kuvishwa shingoni, nungunungu kuletwa uwanjani, mavazi ya kushangaza na vituko ambavyo kikundi huvificha hadi siku yenyewe, kwa sababu kila manju, yaani mtunzi na kiongozi wa nyimbo za kikundi, anajua kwamba akiwachosha watu hata kwa muda mfupi, umati utahamia kwa mpinzani wake. Ukiwapandisha jukwaani mmoja baada ya mwingine, mbele ya watu waliokwisha kukaa vitini, umeondoa sababu ya ubunifu huo.

Tena ushindani huu una mizizi mirefu. Bagika wanatokana na Ngika na Bagalu wanatokana na Gumha, waganga wawili wa karne ya 19 walioshindania umahiri wa dawa zao, na ndiyo maana maandalizi ya kikundi yamekuwa yakihusisha dawa za kuvuta watu sambamba na mazoezi ya nyimbo na michezo. Padre David Clement, mmisionari kutoka Kanada aliyefika Bujora katika miaka ya 1950, aliupa uzito utamaduni huo badala ya kuupiga vita. Kwa juhudi zake Bujora ikapata makumbusho ya Wasukuma, na sikukuu ya Ekaristi, ambayo huangukia mwishoni mwa Mei au mwezi Juni, ikaunganishwa na mashindano ya ngoma yanayojulikana kama Bulabo. Ikiwa kamati yenu inaweza kukodi gari dogo, wapelekeni wajumbe Bulabo kabla ya Agosti, akiwemo huyo anayetaka karatasi za alama.

Mkifika, msitazame wachezaji peke yao. Tazameni pia umati. Wa kwanza kuhama huwa ni watoto, ambao hupenya katikati ya miguu ya watu wazima na kukimbilia upande wa pili. Kisha utaona shingo zinageuka, halafu mabega, huku miguu bado imesimama pale pale kwa aibu ya kumkimbia jamaa anayecheza. Manju mzuri huiona dalili hiyo mapema, akabadilisha wimbo au akamwita mchezaji mwenye kituko kabla watu hawajainua miguu. Hakuna karatasi ya alama inayoweza kuandika jambo hilo.

Kuhusu uwanja, viwekeni vikundi karibu kiasi kwamba mtu wa upande mmoja anasikia shangwe za upande wa pili, lakini si karibu kiasi cha ngoma kuchanganyikana. Katikati pabaki wazi kabisa. Viti vya mgeni rasmi na wazee visielekezwe kwa kikundi kimoja, kwa kuwa watu hufuata macho ya wakubwa, na hapo mtakuwa mmekwisha kutoa matokeo kabla ya ngoma kulia; viwekwe pembeni, usawa wa katikati. Nauli na chakula vilipwe sawa kwa pande zote mbili, tena kabla ya kucheza, na zawadi ya mshindi iwe ya heshima bila kuwa kubwa mno. Kikundi kilichoshindwa kikirudi nyumbani kwa miguu na njaa, mwakani hakiji, nanyi mtabaki na kikundi kimoja kisicho na wa kushindana naye.

Afisa utamaduni mstaafu alijibu:

Ninamuunga mkono Mwana wa Kisesa, nami nitaongeza mambo ya kiofisi ambayo wanakamati wengi huyakumbuka wakiwa wamechelewa. Zungumzeni mapema na mtendaji wa kata pamoja na afisa utamaduni wa wilaya ili kibali kitolewe kwa maandishi na polisi wa eneo wapate taarifa. Iwapo kikundi kitakuja na chatu au mnyama mwingine wa porini, kiulizwe kuhusu kibali cha kuwa naye, kwa kuwa Sheria ya Uhifadhi wa Wanyamapori ya mwaka 2009 haimruhusu mtu kujimilikisha mnyama hai wa porini bila idhini. Afisa wanyamapori wa wilaya ndiye wa kuonana naye. Nyoka apewe nafasi ya kutosha kati yake na watoto, na awepo mtu mmoja ambaye kazi yake ni kuilinda nafasi hiyo tu, asiyepewa jukumu jingine lolote.

Jambo la mwisho ni la haki za wasanii. Mkirekodi nyimbo za vikundi hivi kwa video na kuzisambaza, pateni kwanza ridhaa yao na mkubaliane kuhusu mapato. Manju anayetunga wimbo kijijini ana haki katika kazi yake chini ya Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999, kama alivyo nayo msanii wa mjini.

Mpenzi wa zeze alijibu:

Salaam kutoka Dodoma. Ninaheshimu maelezo ya ndugu wa Kisesa, ila ningependa kamati itambue kwamba si kila muziki wa asili unafaa kushindanishwa kwa namna hiyo. Huku Ugogoni kina mama wa muheme, wanaopiga ngoma wakiwa wamezibana katikati ya mapaja, wanaweza kuujaza uwanja mzima bila kipaza sauti. Ilimba na zeze ni habari nyingine. Katika ilimba, ala ya vibao vya chuma vinavyopigwa kwa vidole, kuna tundu dogo linalofunikwa kwa utando wa buibui, ambao hutetemeka na kuipa kila sauti mvumo mwembamba. Ukisimama mbali, au jenereta likinguruma karibu, utasikia vibao vya chuma tu na mvumo utakuwa umepotea. Marehemu Hukwe Zawose, aliyeupeleka muziki wa Kigogo nchi nyingi duniani hadi alipofariki mwaka 2003, alijenga sanaa yake juu ya sauti kama hizo.

Kwa hiyo, ikiwa mna mpiga zeze au mwimbaji wa peke yake, msimweke kati ya vikundi viwili vya ushindani. Mtengeeni kivuli cha mti na saa yake mwenyewe, asubuhi kabla uwanja haujachangamka.

Mkulima wa Magu aliandika:

Ninawashukuru sana, ndugu zangu, na suala la majaji nitalimaliza kwenye kikao kwa hoja hizi. Yamebaki mawili. Wacheza bugobogobo hawana mpinzani, tuwaweke wapi? Na vijana wanaotaka spika tuwaambie nini? Pia mjumbe mmoja anauliza kwa nini jambo kubwa kama hili tusilipeleke Krismasi, wakati ambapo wengi wamerudi nyumbani kutoka mijini.

Mwana wa Kisesa alijibu:

Bugobogobo ifungue shughuli. Ni ngoma iliyotokana na vikundi vya kulima pamoja, na majembe yanaporushwa na kudakwa kwa mapigo ya ngoma, hakuna mkulima atakayebaki nyuma ya nyumba siku ya sikukuu ya wakulima. Ikimalizika, ndipo Bagika na Bagalu waingie, jua likiwa limepungua ukali.

Vijana wasinyimwe spika. Zifunguliwe baada ya mshindi kujulikana, na si kabla, hata kwa majaribio, kwa kuwa spika moja ikiwashwa ukingoni mwa uwanja humhamisha mtazamaji bila jasho la mchezaji yeyote. Waombeni pia vijana wenyewe waandae wigashe, ambayo huimbwa waimbaji wakiwa wamekaa kwa safu. Ikichezwa jioni, kati ya ngoma na spika, itawapa wazee sababu ya kubaki.

Kuhusu Krismasi, mimi sishauri. Desemba mvua zinanyesha na watu wako shambani, wachezaji hawana muda wa mazoezi, na ghala nyingi zimepungua. Kuanzia Juni hadi Agosti mavuno yamekwisha kuingia, njia ni kavu, na kikundi kinaweza kutembea kutoka kata hadi kata. Wanaorudi kutoka mijini waandikieni mapema kwamba sherehe ni tarehe 8 Agosti. Mwenye hamu ya ngoma ataomba likizo. Mkishaafikiana, tupe jina la kijiji, kwani hapa Kisesa kuna kikundi cha Bagalu ambacho kingependa kualikwa.