Naomba ushauri: sinigang ya kitimoto kwa ukwaju wa huku

Habarini wadau, kaka anakuja Dar na mkewe ambaye ni Mfilipino, na wifi yangu huyu ana hamu sana na chakula cha kwao, so nataka nimpikie sinigang ya mbavu za kitimoto, ule mchuzi wao mwepesi mchachu. Wenyewe wanachemsha nyama taratibu na kitunguu na nyanya mpaka ilainike, wanatia magimbi ili mchuzi ushike kidogo, halafu figili nyeupe, bamia, biringanya, na majani ya kangkong (mboga yao ya majani) mwishoni kabisa.

Shida iko kwenye uchachu. Kwao wanatumia ukwaju mchanga wa kijani, mimi sokoni napata ulioiva tu na huo unafanya mchuzi uwe wa kahawia na unakuwa na kautamu. Nichanganye na mbilimbi au embe bichi? Maana hata Ufilipino hivyo vyote wanavitumia. Badala ya kangkong nafikiria kuweka matembele, naona yanakaribiana kuliko mchicha.

Halafu kuna patis, ile sosi ya samaki yenye chumvi, aliyewahi kupika aniambie ukiweka chumvi tupu ladha inapotea sana au haina shida?