Naitwa Claudia, kumbe maana yake KIWETE??

ClaudiaWaPili: Wadau habari zenu. Mwenzenu leo nimepigwa na butwaa. Toka utotoni mama ananiambia Claudia maana yake mrembo, na mi nimetembea nalo kifua mbele miaka yote. Sasa nina mimba ya miezi saba, tukasema na mume wangu tuanze kutafuta jina la mtoto, nikagugo maana za majina weee si nikakutana na langu, limeandikwa "kiwete, anayechechemea". Nikafungua tovuti ya pili, "msichana mwenye nguvu". Ya tatu "binti wa nuru". Mume kacheka mpaka kashika mbavu. Ipi ndo kweli, na mtu anajuaje kama maana ni ya kweli au kuna mtu kajitungia tu? Na mtoto akipewa jina lenye maana mbaya si litamfuata jamani

KamusiKichwani: Pole dada ila ya kwanza ndo yenyewe 😅 Claudia ni uke wa Claudius, jina la ukoo wa Warumi, na watu wanalihusisha na neno la Kilatini claudus, yaani anayechechemea. Usinune lakini, ule ukoo ulikuwa wa wakubwa haswa, umetoa mpaka makaisari. Na kichekesho ni kwamba Kaisari Claudius aliyetawala mwaka 41 mpaka 54 kweli alikuwa anachechemea, ila jina halikutoka kwake, ukoo ulikuwa nalo karne kibao kabla hajazaliwa, imegongana tu.

Warumi walikuwa hawana huruma kwenye kupachikana majina, wakiona kasoro kwenye mwili wako wanakuita hiyohiyo, ukishazoea inarithiwa na wajukuu ambao hata kasoro yenyewe hawana. Cicero yule msemaji maarufu jina lake limetoka kwenye dengu, inasimuliwa kuna babu yao alikuwa na pua yenye alama kama dengu. Cecilia linatoka kwenye neno la upofu. Calvin upara. Paulo maana yake mdogo. Sasa hesabu wangapi unawafahamu wanaitwa hivyo, na hakuna anayelia.

GeorgeMkulima: Hahaha dada usijali hauko peke yako. Mi George, kwa Kigiriki ni mkulima, na sijawahi kushika jembe toka nizaliwe. Na wale akina Cameron wanaoringa, kwa lugha ya Waskoti wa milimani ni "pua iliyopinda", Campbell nao ni "mdomo uliopinda". Yani ukoo mzima unatambulishwa kwa mdomo wa mtu mmoja

BintiWaUshauri: Mnacheka ila mi naamini jina linaumba mtu. Wazee hawakuwa wajinga. Huwezi kumwita mtoto Shida halafu ushangae shida zikija. Dada chagua Neema, Baraka, Furaha, maisha yaendelee

KamusiKichwani: @BintiWaUshauri hapo wazee unawasingizia, maana haohao wazee ndo waliowaita watoto Shida, Tabu na Mashaka. Mara nyingi jina linasema habari za mzazi siku zile, sio za mtoto. Na sehemu nyingine jina baya au la ajabu ni kinga au ombi. Waturuki wana Dursun, yani "abaki", wanampa mtoto pale waliotangulia walipokuwa wanafariki. Wana na Yeter, "inatosha", anapewa binti wazazi wakishachoka kuzaa mabinti (huyo ndo wa kuonewa huruma). Wayoruba wana Malomo, "usiondoke tena", sababu ileile ya Dursun. Hebu niambie Malomo ni jina baya? Mi nikilisikia nafikiria mama aliyezika.

BintiWaUshauri: Mmh. Hapo kwa Malomo umenimaliza. Ila Shida bado simpi mtu

MpekuaMizizi: Nijibu lile la kujuaje. Swali la kwanza siku zote: ni jina la LUGHA gani? Tovuti ikikwambia "jina la Kiafrika" funga ukurasa, hakuna lugha inaitwa Kiafrika. Ikikupa lugha, uliza neno lenyewe ni lipi, maana jina halina budi kuwa na mzizi, na mzizi unaukuta kwenye kamusi. Hiyo "binti wa nuru" waulize nuru iko wapi kwenye Claudia, watakosa pa kukuonyesha.

Ila kuna wakati tovuti mbili zinapingana na zote ziko sawa. Asha ni mfano mzuri. Kwa Waswahili ni Aisha la Kiarabu, lina uhai ndani yake, na kwa Wahindi Asha ni tumaini, neno jingine kabisa, yamekutana sauti tu. Na kinyume chake yapo majina yanaonekana hayajuani kumbe ni mtu mmoja kabadilisha nguo. Yohana wa Kiebrania, "Mungu ana neema", ndo huyohuyo John, Juan, Giovanni, Ivan, Hans, Sean, na Waarabu wanamwita Yahya. Au maana inahama bila sauti, Margaret ni lulu kwa Kigiriki, kwa hiyo mtu akiwa na mabinti wawili Margaret na Lulu amerudia jina bila kujua. Ninayoipenda mimi ni Theodora na Dorothea, zote "zawadi ya Mungu", wamechukua vipande vilevile viwili wakavigeuza mbele nyuma.

Fundi_Chuma: Na ya ukoo msisahau. Smith wa Waingereza, Schmidt wa Wajerumani, Herrero wa Wahispania, Kovács wa Wahungaria, Haddad wa Waarabu, wote mhunzi. Kila kijiji kilikuwa na mhunzi wake ndo maana wamejaa. Waturuki wengi walikuwa hawana kabisa jina la ukoo mpaka sheria ya 1934 ikawalazimisha kuchagua, na Iceland mpaka leo wengi wanatumia la baba tu, wa kiume -son wa kike -dóttir, kaka na dada baba mmoja mwisho wa jina tofauti

ClaudiaWaPili: Asanteni sana wadau. Nimempigia mama nikamwambia nimegundua maana ya jina langu, akaniuliza maana gani tena? Kumbe aliyemzalisha ni nesi anaitwa Claudia, na anasema hajawahi kuona mwanamke mzuri kama yule, ndo "mrembo" ikatokea hapo, Kilatini hakikuhusika 😂 Mume kaipenda Dorothea. Cecilia tulikuwa nayo kwenye listi, tumeifuta

GeorgeMkulima: Cecilia kawakosea nini sasa, si kama dada yake Claudia tu huyo, mwenye macho hafifu 🤣 irudisheni